Barua zenu: Mamangu kabandikwa kidole kwenye fomu, babangu hajaambiwa

Asalaam aleikum, hamjambo wasomaji. Mwezi huu mmeandika kana kwamba mliambiana, karibu barua zote ni za hospitali na karibu zote zazunguka pale pale, nani hasa mwenye kauli juu ya mwili wa mgonjwa. Majina nimeyaondoa na hospitali nimeziondoa, na wale mlotuma sauti kwa wasapu nimeandika vile nilivosikia. Barua mbili nimezijibu kwa urefu manake zina mambo, zengine hazihitaji maneno mengi.

*Shikamoo shangazi. Mamangu ana miaka 46, alikuwa atokwa na damu nyingi kila mwezi mpaka akawa hana nguvu, akaambiwa ni fibroidi, uvimbe wa kizazi, na akapangiwa opresheni. Alokuwa akiongea na daktari ni kakangu mkubwa, kwa Kizungu, na mama yuko pale pale kitandani asikia sauti tu. Siku yenyewe ashavaa gauni ya thieta na ashapandishwa kwa troli, sista akaja na fomu na kile kidude cha wino akamshika kidole gumba akakibandika, basi wakaenda. Mama alijua anatolewa uvimbe. Alipoenda kliniki kuangaliwa kidonda, daktari mwengine ndo akamwambia, mama wewe huna kizazi tena. Amelia sana na mpaka leo haongei na kaka. Kaka naye asema yeye alielezwa, alikubali, na mama ashamaliza kuzaa sasa shida iko wapi? Shangazi sheria yasemaje na tufanye nini? — Binti wa Kisauni*

Marahaba mwanangu, na mpe mama pole yangu.

Nianze na hilo la kaka, shida iko wapi. Huenda daktari alifanya kazi safi kabisa, kutoa kizazi kwa fibroidi zinazovujisha damu ni tiba inayojulikana dunia nzima na ndo inayomaliza hio damu moja kwa moja. Lakini si tiba peke yake. Kuna kutolewa uvimbe kizazi kikabaki, ambayo ubaya wake ni kuwa fibroidi zaweza kuota tena, kuna dawa za kupunguza damu, kuna koili yenye homoni, ile inayowekwa ndani ya kizazi, ambayo kwa baadhi ya wanawake husaidia sana, na kuna wanaoamua kuvumilia mpaka hedhi ikatike yenyewe kwa kuwa fibroidi nyingi husinyaa baada ya hapo. Sasa katika hizo zote mama angechagua ipi? Hujui, mimi sijui, kaka hajui, na daktari hajui, manake hakuulizwa. Pengine angechagua hio hio ya kutoa kizazi, angeamka kitandani anajua nini kimetoka mwilini mwake na leo mngekuwa mwala naye biriani.

Sheria haina utata hapa. Sheria ya Afya ya Kenya ya 2017, kifungu cha 8, yasema mgonjwa aelezwe hali yake, njia za uchunguzi na matibabu zilizopo, faida na hatari na gharama na matokeo ya kila njia, na aelezwe kuwa ana haki ya kukataa na akikataa itakuwaje. Na aelezwe, inapowezekana, kwa lugha anayoifahamu na kwa kiwango cha kisomo chake. Hapa Mombasa sista, daktari, mpaka anayesukuma troli wajua Kiswahili, kwa hivo sioni ni vipi "isiwezekane". Kifungu cha 9 ndo chasema nani atoe ridhaa, na ni mgonjwa mwenyewe. Jamaa huingia pale mgonjwa anaposhindwa, amezimia, au akili hazipo, na hapo pia kama kuna mtu alomteua yeye mwenyewe kwa maandishi basi huyo hutangulia. Mama alikuwa macho, akili timamu, ajua jina lake na bei ya nyanya soko la Kongowea. Kaka hakuwa na nafasi ya kukubali chochote, ila kusaidia kutafsiri, na hilo ndo hakulifanya.

Halafu ile fomu. Mimi nimekaa wodi za opresheni miaka mingi na fomu hizo nazijua, mstari wa juu "mimi fulani" pana nafasi, "nakubali kufanyiwa" pana nafasi, na chini sahihi na shahidi. Mara nyengine hio nafasi ya pili hujazwa kwa vifupisho ambavyo hata mwalimu wa shule hawezi kuvisoma. Kuna kesi Namibia, Mahakama ya Juu ya kule ilitoa hukumu 2014, wanawake watatu waishio na virusi vya ukimwi walifungwa mirija ya uzazi, na hospitali zikaja na fomu zilizosainiwa kwamba haya si mlikubali wenyewe. Fomu zimeandikwa herufi BTL. Kwa daktari hizo herufi ni kufunga mirija, kwa mama aliye katikati ya uchungu wa kuzaa ni herufi tu. Mahakama ikasema sahihi ya namna hio si ridhaa. Na msidhani ni mambo ya mbali, 2022 Mahakama Kuu Nairobi nayo ilimpa fidia mwanamke alofungwa mirija bila ridhaa ya haki.

Na hio "ashamaliza kuzaa" ndo maneno ya mtu anayemwamulia mwenziwe lipi ni muhimu. Uingereza kulikuwa na mama, Nadine Montgomery, mfupi, ana sukari, ana mimba, na kwa mtu kama yeye hatari ya mabega ya mtoto kukwama ilikuwa asilimia 9 mpaka 10. Daktari hakumwambia, na alieleza mwenyewe mahakamani kuwa akiwaambia wagonjwa hilo wataomba opresheni. Mtoto akakwama, akazaliwa 1999 na ubongo umeumia. Mahakama ya Juu ya kule mwaka 2015 ikasema kipimo si daktari anaona nini ni kikubwa, kipimo ni mgonjwa huyu angeona nini ni kikubwa. Kwa mamako huenda kizazi si habari ya kuzaa kabisa, ni habari ya yeye na mumewe, au yeye na nafsi yake, na hatudai sababu.

Mfanye nini. Kwanza, kabla ya kesi yoyote, mama yuwahitaji habari kwa ajili ya afya yake ya kesho. Nendeni muombe karatasi ya dischaji na ripoti ya opresheni, kwa maandishi, mkibaki na kopi ya barua yenu. Mwulize daktari: ovari, vile vifuko vya mayai, zimebaki au zimetoka? Zikiwa zimetoka zote mbili hedhi imekatika ghafla na joto la mwili, usingizi na mifupa ni mambo ya kufuatiliwa. Mlango wa kizazi umebaki? Ukibaki bado ahitaji kupimwa kansa ya mlango wa kizazi kama wanawake wengine. Na kile kilichotolewa kilipelekwa maabara, majibu yako wapi? Pia muulizeni waziwazi kama mpango ulikuwa kutoa uvimbe tu halafu damu ikazidi ndani ya thieta wakalazimika kutoa kizazi kumwokoa, hilo hutokea na sheria inaruhusu kuokoa maisha, ila huelezwa kabla kuwa laweza kutokea, na likitokea mgonjwa huambiwa akiamka, haachwi agundue kliniki.

Mkae na daktari, mama aongee yeye, kaka anyamaze. Msiporidhika andikeni malalamiko kwa uongozi wa hospitali, na pakikosekana jibu kuna Baraza la Madaktari, KMPDC, ndo hupokea malalamiko juu ya madaktari. Na kaka aende akamwombe mamake radhi bila ya "lakini".

*Shangazi sisi ni wa Likoni. Mzee wetu alistaafu bandarini, ana miaka 71. Chakula kilikuwa hakipiti, alianza kushindwa nyama, halafu wali, sasa ni uji na chai. Akafanyiwa kamera ya koo wakachukua kipande cha nyama kupimwa, majibu ni kansa ya koo la chakula na imeshasambaa. Daktari alituambia sisi watoto korido. Mama na sisi sote tumekubaliana mzee asiambiwe, tumemwambia ni vidonda vya tumbo, manake ana moyo mwepesi, akijua atakufa siku hio hio. Lakini daktari asema hatamwendea yeye kwanza ila mzee akimuuliza hatamdanganya. Je twaweza kumzuia kisheria? — Watoto wa mzee*

Poleni sana wanangu. Hamuwezi kumzuia, na daktari wenu ni muungwana kuliko wengi, ingawa na yeye alikosea mlango, habari ya mzee aliipeleka korido kabla haijafika kitandani.

Sheria ile ile ya 2017 yaacha kijinafasi, mgonjwa anaweza asiambiwe hali yake pale ambapo kuna ushahidi mzito kuwa kumwambia kutamdhuru yeye. Ushahidi mzito, si huruma ya watoto. "Ana moyo mwepesi" husemwa juu ya kila mzee, na nimewaona hao hao wenye moyo mwepesi wamezika wake na watoto na wakaendelea kuswali jamaa msikitini.

Tazameni mnachokitaka ni nini kwanza. Mzee atahitaji kukubali matibabu. Wakitaka kumuwekea stenti, kile kimpira cha kupanua koo ili chakula kipite, atakubali vipi kuwekewa mpira kooni kwa vidonda vya tumbo? Wakimpa kemo, ile dawa kali ya kansa, nywele zikatoka mtamwambia ni dawa ya tindikali? Na siku akifikishwa kliniki ya kansa kibao kiko mlangoni, na mtu alofanya kazi bandarini maisha yake yote akisoma alama za makasha hatashindwa kusoma kibao. Nnavowajua wazee wa hivi, huyu ashajua kuna jambo, asubiri tu nani atathubutu, na pengine yuwawafichia nyinyi kuwa ajua.

Halafu liko hili ambalo hamkuliandika. Mzee ana madeni? Anadaiwa na nani, amdai nani, na shamba, kama analo, iko kwa jina la nani? Kuna mtu alogombana naye anataka kumwomba radhi? Muislamu ana haki ya kuusia mpaka thuluthi ya mali yake kwa asiyekuwa mrithi, msikiti, mjukuu wa binti, jirani alomfaa, na wasia huo aandika akiwa hai na akili zake ziko. Mkimwambia vidonda vya tumbo mwamwambia ana wakati. Mkimnyang'anya huo wakati hamtakuja kumrudishia, na mtu wa dini akifa na deni ambalo angelilipa, mzigo huo mtaubeba nyinyi mlonyamaza.

Sisemi mumwangushie habari kama gunia. Muulizeni kwanza yeye ataka kujua kiasi gani. Mmoja wenu anayemzoea, baada ya alasiri, chumba kitulivu, "baba, majibu ya kamera yamekuja, je wapenda daktari akueleze wewe kila kitu, au akueleze kwa ufupi, au aongee na sisi?" Akisema ongeeni nyinyi mimi sitaki kujua, hilo nalo ni kauli yake na daktari ataiheshimu, ana haki ya kutojua vile vile. Ila awe ameisema yeye. Akisema nataka kujua, mwiteni daktari, kaeni naye, na daktari asimalize kwa "hakuna la kufanya" kwa sababu si kweli, kuna kupanua koo, kuna dawa za maumivu, kuna Coast Hospice hapa hapa Mombasa ambao kazi yao ndo hio, kumfanya mgonjwa alale, ale anachoweza, asiteseke. Mama mumwandae kabla, yeye ndo atakayebaki naye usiku.

*Mimi ni mke wa baharia, nina miaka 27, watoto watatu. Nilienda kuwekewa kijiti cha kupanga uzazi nikaambiwa nirudi na mume au barua yake. Mume yuko melini. Ni sheria? — Changamwe*

Si sheria. Mtu mzima wa miaka 18 na zaidi ajitolea ridhaa mwenyewe, ameolewa hajaolewa, na hakuna sheria ya Kenya inayotaka sahihi ya mume kwa kijiti, kwa sindano wala kwa opresheni ya kuzaa. Mkizungumza wewe na mumeo ni jambo la nyumbani na ni jambo zuri. Hospitali nyengine humtaka mume asaini lakini ukiisoma ile karatasi wakuta ni ya bili, dhamana ya kulipa, imebanwa pini pamoja na fomu ya ridhaa basi watu hudhani ni kitu kimoja. Nenda kliniki nyengine, au muulize huyo sista akuonyeshe ilikoandikwa.

*Mume wangu ana sukari, mguu umeoza kuanzia vidole na madaktari wataka kumkata chini ya goti. Amekataa katakata, asema atazikwa mzima. Ndugu zake wanataka wasaini wao akiwa amechomwa sindano ya usingizi, akiamka ishakuwa. Mimi sijui nishike wapi. — Majengo*

Dada usikubali, na waambie ndugu zake kuwa daktari atakayekubali mpango huo anajiweka pabaya, maana mtu alokataa akiwa na akili zake, kukataa kwake hakufutiki kwa sababu amelala. Ana haki ya kukataa hata kama tunaona ni kosa kubwa, na mimi naona ni kosa, oza la sukari likiingia kwenye damu huua, na mara nyengine kwa kasi.

Lakini jaribuni kwanza kujua amekataa nini. Mwambie arudie kwa maneno yake daktari alisema nini, akishindwa basi hajakataa, hajaelewa. Akiweza, muulize kwa nini, na usibishe, sikiliza. Wanaume wengi nilowaona wakikataa hawakatai kisu, waogopa kuwa mzigo, au kazi itapotea, au, na hili hawalisemi mbele ya daktari, waogopa mguu wao utatupwa wapi. Hilo lina jibu, ombeni hospitali mkabidhiwe muuzike, familia nyingi za Pwani hufanya hivo, unafungwa sanda unapelekwa makaburini. Kazi nayo, mguu wa bandia wa chini ya goti ni rahisi kuuzoea kuliko wa juu ya goti, kwa hivo kila akichelewa na oza likapanda apoteza hata hio nafuu, na APDK, chama cha walemavu wa viungo, hapa Mombasa wanatengeneza. Akitaka daktari wa pili amuone, hio pia ni haki yake, imo kwenye mkataba wa haki za wagonjwa wa Wizara ya Afya wa 2013, ila iwe leo au kesho si baada ya Idi.

Na kuna la haraka zaidi. Homa ikipanda akaanza kuweweseka akili zitamtoka, hapo ndo ugomvi wa ndugu utaanza juu ya kichwa chako. Mwambie sasa hivi akiwa timamu aandike nani atakayemsemea akishindwa na ataka nini, asaini, kopi moja iingie kwa faili. Akishikilia kukataa hospitali yaweza kumtaka athibitishe kwa maandishi, asaini, wala asiogope kuwa amefukuzwa, bado ana haki ya huduma, kidonda kisafishwe, maumivu yatulizwe, na akibadilisha mawazo saa nane usiku mlango uko wazi.

*Kuna watu wa utafiti wamekuja mtaani, wataka damu ya mtoto wangu wa miaka 9, wana fomu ya kurasa nyingi na watoa nauli. Jirani asema damu inauzwa. Mama watoto ataka tukubali. — Mikindani*

Utafiti si matibabu, hilo ndo la kwanza, lengo lake ni kujua kitu na mtoto wako huenda asifaidike hata kidogo, ingawa watoto wa kesho watafaidika, na chanjo ya malaria ilopo leo isingekuwepo bila ya wazazi wa huku kwetu Pwani walokubali. Uvumi wa damu kuuzwa siuungi mkono, lakini wasiwasi wenyewe siucheki. Marekani, kule Tuskegee, serikali iliwafuatilia wanaume weusi mia nne hivi wenye kaswende tangu 1932 mpaka 1972, wakaambiwa wana "damu mbaya" na watibiwa, na penisilini ilipokuja ikajulikana yaponya, wakanyimwa makusudi ili waangaliwe watakufaje. Walipewa chakula, usafiri na pesa za mazishi. Kanuni zote za leo za fomu ndefu zimetokana na uovu wa aina hio na ule wa madaktari wa Wanazi uloleta Kanuni za Nuremberg 1947, za utafiti kwa binadamu.

Kwa hivo uliza. Wachukua damu kiasi gani, mara ngapi, itawekwa wapi na kwa miaka mingapi, itapelekwa nje? Akiumia nani alipa? Kamati gani ya maadili imepitisha, na leseni ya NACOSTI, tume ya serikali inayotoa vibali vya utafiti, iko wapi? Nauli si tatizo, ni fidia ya muda wako, ikiwa kubwa mpaka umekosa usingizi ndo shuku. Waweza kutoka siku yoyote na mtoto hatanyimwa kliniki kwa hilo. Na mtoto wa miaka 9 muulizeni na yeye kwa lugha yake, akisema hataki sindano isiyo ya ugonjwa wake watafiti wazuri humwacha. Chukua fomu uende nayo nyumbani msome na mama watoto, na wakikwambia lazima usaini sasa hivi waambie warudi kesho.

Wa Bamburi uloandika kuhusu wanafunzi wa udaktari kumi wakizunguka kitanda chako bila ya salamu: waweza kusema sitaki, au nataka wawili tu, na matibabu yako hayabadiliki. Barua za SHA, bima ya afya ya serikali, na za bili nimezipata, ni nyingi mno, hizo tutaziangalia mwezi ujao.